Napiga zeze na sasa natengeneza filamu: je, lazima nichague moja?

*Shikamoo, mwalimu. Nimepiga zeze na kuimba nyimbo za asili kwa miaka 15, na nina bendi ya watu watano. Miaka mitatu iliyopita nilinunua kamera nikaanza kuwarekodi wazee wanaopiga mitindo inayopotea. Nimeshatengeneza filamu fupi mbili. Sasa nataka kufanya filamu ya dakika 70 kuhusu mzee aliyenifundisha, ambaye ana miaka 81. Wenzangu kwenye bendi wanasema nimeshaacha muziki. Mtayarishaji mmoja kaniambia nichague moja, maana mshika mawili moja humponyoka. Filamu itakuwa na nyimbo zangu nne, mbili kati yake zilitolewa na lebo, pamoja na nyimbo za mzee. Hizo za mzee ni za asili, si za mtu yeyote, kwa hiyo nadhani hazina shida. Kinachonisumbua zaidi ni picha, kwa sababu kamera yangu ni ya kawaida tu. Tena siku hizi vidole vya mkono wa kushoto vinakufa ganzi. Nianzie wapi, na je, mtu anaweza kuishi kwa kazi hizi mbili?*

Marahaba, mdogo wangu. Swali lako nimelisoma mara tatu. Unaogopa kwamba kamera inakuibia zeze, na unaogopa kwamba picha zako hazitoshi. Lakini jambo lililonishtua mimi umelitaja kwa sentensi moja ukalipita: kwamba nyimbo za mzee si za mtu yeyote. Nimenasa sauti na kuhariri filamu za muziki kwa zaidi ya miaka 20, na kabla ya hapo nilikuwa mpigaji kama wewe. Niruhusu nizipange upya hofu zako, maana ile kubwa umeiweka chini kabisa.

Tuanze na hili la kuchagua. Methali aliyokupa huyo mtayarishaji ni nzuri, ila inafaa kwa kazi mbili zinazovutana. Kwa mtu wa muziki wa asili, kupiga na kurekodi vimekuwa vikienda pamoja tangu zamani. Mwaka 1958 John Cohen alianzisha bendi ya New Lost City Ramblers akiwa na Mike Seeger na Tom Paley, wakapiga nyimbo za zamani za mashambani kusini mwa Marekani. Mwaka uliofuata alikwenda milima ya mashariki mwa Kentucky kutafuta nyimbo, na huko akamkuta Roscoe Holcomb, mtu wa vibarua na migodi ya makaa, aliyekuwa akipiga banjo na kuimba kwa sauti ya juu yenye majonzi. Cohen alirudi kwake na kamera. Jina alilolipa filamu ile fupi mwanzoni mwa miaka ya 1960, *The High Lonesome Sound*, likaja kuwa jina ambalo watu wanaita uimbaji wote wa milima ile. Baadaye alikwenda Peru mara nyingi, akapiga picha, akanasa sauti, akatengeneza filamu. Wimbo wa harusi aliounasa huko umo kwenye rekodi ya dhahabu iliyopelekwa angani na vyombo vya Voyager mwaka 1977. Na banjo hakuiweka chini.

Mfano mwingine ni mwimbaji wa Marekani Pete Seeger na mkewe Toshi. Mwaka 1966, wakiwa na kijana wao Daniel na mtafiti Bruce Jackson, waliingia na kamera katika gereza moja la Texas wakawarekodi wafungwa weusi wakikata miti kwa shoka huku wakiimba. Haikupita miaka mingi namna ile ya kufanya kazi ikaisha, na nyimbo zake zikaisha nayo. Fikiria kama wangesema wao ni wanamuziki tu, kamera si kazi yao.

Kwa hiyo sikushauri uchague. Hata hivyo usiwapuuze wenzako wa bendi. Mtu akikuambia umeacha muziki, mara nyingi hazungumzii moyo wako, anazungumzia mazoezi matatu uliyokosa na onyesho mlilolikataa kwa sababu ulikuwa safarini na kamera. Waambie waziwazi miezi gani utakuwa kwenye filamu na miezi gani uko nao, na uuheshimu mpango huo. Fedha za bendi zisiguse filamu hata siku moja. Nimeona bendi nzuri ikivunjika kwa sababu malipo ya onyesho yaligeuka kuwa diski za kuhifadhia picha, na hakuna aliyeulizwa.

Sasa picha. Unahangaikia kamera, na mimi naomba uhangaikie sauti. Mtazamaji anasamehe picha yenye chembechembe, tena katika filamu ya mzee na zeze lake anaweza hata kuipenda. Sauti mbovu haisamehewi, na katika filamu ya muziki sauti ndiyo filamu yenyewe. Kamera za kawaida zina mtambo unaopandisha na kushusha sauti wenyewe. Kwa mazungumzo unasaidia. Kwa zeze unaua. Mzee akikokota uta kwa nguvu, mtambo unabana. Sauti ikianza kufifia, mtambo unaivuta juu pamoja na kuku, upepo na kikohozi cha jirani. Ule mwisho wa noti unaokufa polepole, ambao wewe ulijifunza kwa miaka, unapotea wote. Uzime mtambo huo, upange kiwango kwa mkono, na utumie kinasa sauti cha pembeni chenye maikrofoni iliyo karibu na ala.

Ukishakuwa na vyombo viwili utakutana na tatizo ambalo huwachanganya wengi. Kila chombo kina saa yake ndani, na saa hizo hazilingani kabisa. Zikipishana kwa sehemu 50 tu katika milioni, baada ya dakika 20 za kurekodi bila kukata, sauti na picha zitakuwa zimeachana kwa sekunde 0.06. Kwa filamu ya fremu 25, yaani picha moja moja 25, kwa sekunde, hiyo ni fremu moja na nusu. Ni kidogo, lakini jicho la mpigaji linaona uta umegeuka kabla sauti haijageuka. Dawa yake ni rahisi: piga kofi moja mbele ya kamera mwanzoni, piga jingine mwishoni, na mhariri atanyoosha sauti katikati ya makofi hayo mawili. Vyombo vyote viwili viweke kwenye 48 kHz, yaani vipime sauti mara 48,000 kila sekunde, ambayo ndiyo desturi ya filamu, si 44.1 tuliyoizoea kwenye albamu. Na umbali nao una gharama. Sauti husafiri takriban mita 343 kwa sekunde, kwa hiyo ukisimama mita 14 kutoka kwa mzee na kutegemea maikrofoni ya kamera, sauti inakufikia fremu moja nzima baada ya picha.

Kuna kosa la tatu, na hili nimelifanya mimi mwenyewe. Nilikuwa namrekodi mzee mmoja mpigaji. Wimbo ulipokwisha nikazima kamera, kama tunavyozima studio. Akalowesha kigingi kwa mate, akakaza uzi kidogo, akasema, "Huo ulikuwa wa harusi. Wa msiba mkono wake ni huu." Akapiga kama nusu dakika, vidole vikiwa vimesogea chini kabisa, sauti ikawa nyingine. Nilipoinua kamera alikuwa ameshalilaza zeze mapajani. Nilimwomba arudie, akasema wimbo wa msiba haupigwi mara mbili bila msiba. Tangu siku hiyo siachi kurekodi mpaka mtu ainuke kwenye kiti. Wewe mwanamuziki umezoea kwamba noti ya mwisho ndiyo mwisho. Kwenye filamu, yanayofuata noti ya mwisho ndiyo mara nyingi yenye mzee ndani yake.

Hapo hapo niseme jambo la uhariri. Watu watakuambia mwanamuziki ana bahati kwa sababu anajua mdundo. Ni kweli nusu. Wanamuziki wengi wanapoanza kuhariri hukata picha kwenye kila pigo la ngoma, na baada ya dakika mbili macho yanachoka. Kata kwenye pumzi. Mwimbaji anapovuta hewa, mwili wake wote unakuambia kitu kinakuja, na hapo picha inaweza kubadilika bila mtu kugundua. Tena usijaze kila pengo kwa muziki wako. Kama filamu inamhusu mwalimu wako, basi zeze lako likisikika chini ya kila neno analosema utakuwa umemfunika, hata kama nia yako ni kumpamba. Mimi ningeanza na wimbo wako mmoja, nione kama wa pili unahitajika kweli.

Nimefika pale nilipotaka kufika: nyimbo zisizo na mwenyewe.

Mwaka 1939 huko Johannesburg, Solomon Linda na kundi lake walirekodi wimbo uitwao *Mbube*. Linda aliutunga, na haki zake akaziachia kwa shilingi kumi. Sahani ikavuka bahari, ikamfikia Pete Seeger, na yeye na wenzake wa kundi la The Weavers wakauimba wakiamini ni wimbo wa jadi wa Waafrika. Ukazaa matoleo mengine yaliyovuma dunia nzima, na mwaka 1994 ukasikika katika filamu ya katuni ya Disney kuhusu simba. Linda alifariki mwaka 1962 akiwa maskini. Mabinti zake walipata makubaliano mwaka 2006 tu, baada ya wanasheria kugundua kwamba sheria ya zamani ya Uingereza ya mwaka 1911 iliwarudishia warithi haki hizo miaka 25 baada ya kifo cha mtunzi. Seeger mwenyewe, kwa heshima yake, alishamtumia Linda fedha miaka mingi kabla. Lakini angalia mlango ulioingiza dhuluma yote hii: watu waliosikia wimbo wa asili wakadhani hauna mwenyewe. Mlangoni hapo ndipo uliposimama wewe sasa, mdogo wangu, na aliye upande wa pili ni mwalimu wako.

Hebu tutenganishe mambo. Wimbo uliorekodiwa una haki mbili. Ya kwanza ni ya utunzi, yaani melodia na maneno. Ya pili ni ya rekodi, ile tunayoiita masta. Ukitaka kuweka wimbo kwenye filamu unahitaji ruhusa ya zote mbili. Nyimbo zako mbili ambazo hazikupita kwa mtu ni zako pande zote, isipokuwa kama wenzako wa bendi walichangia utunzi au walipiga kwenye rekodi. Hapo nao wana neno, na ni vizuri mliandike. Zile mbili za lebo ni habari nyingine. Inawezekana kabisa wewe ni mtunzi, lakini masta si yako, na huwezi kuiweka kwenye filamu yako mwenyewe bila leseni. Utafikiria kuurekodi wimbo upya. Wazo zuri, ila soma mkataba kwanza, kwa sababu mikataba mingi ina kipengele kinachokuzuia kurekodi upya wimbo ule ule kwa miaka kadhaa.

Nyimbo za mzee sasa. Mkataba wa Berne, ule wa kimataifa wa hakimiliki, unazitaka nchi wanachama kulinda kazi walau hadi miaka 50 baada ya kifo cha mtunzi, na nchi nyingi zimefika 70. Wimbo wa karne nyingi usiojulikana mtunzi kwa kawaida umeshatoka kwenye ulinzi huo. Ndiyo maana ulidhani hauna shida. Lakini zipo nchi zinazolinda nyimbo za jadi kwa sheria nyingine. Ghana, kwa mfano, sheria yake ya hakimiliki ya mwaka 2005 inaweka haki za sanaa za jadi mikononi mwa Rais kwa niaba ya wananchi, na mtu anayetaka kuzitumia kibiashara anatakiwa kuomba kibali. Pia kuna Itifaki ya Swakopmund ya mwaka 2010, iliyopitishwa chini ya shirika la haki za ubunifu la kanda ya Afrika, ARIPO, inayotambua jamii kama wenye sanaa zao za jadi. Angalia nchi yako imesaini nini.

Halafu hata kama wimbo ni wa wote, *upigaji* wa mzee ni wake. Vile anavyochelewesha uta, ubeti alioongeza yeye, sauti yake. Mkataba wa Roma wa mwaka 1961 uliwapa wapigaji na waimbaji ulinzi, lakini ukawaacha kwenye picha: ukishakubali kurekodiwa kwenye filamu, ulinzi ule ulikuwa unakoma. Pengo hilo ndilo lililozibwa na Mkataba wa Beijing wa mwaka 2012, ulioanza kutumika 2020, katika nchi zilizouridhia. Na usidhani kila kisichojulikana mtunzi hakina mtunzi. Muulize mzee, wimbo kwa wimbo: huu uliupata kwa nani? Nakuhakikishia utakuta mmoja au mbili ambazo alizitunga mwenyewe zamani na hajawahi kuona haja ya kusema.

Ruhusa yake usiichukulie kama karatasi ya kusainiwa mlangoni. Kaa naye, awepo na mwanawe au mtu anayemwamini, umweleze kwa lugha anayoota nayo: filamu itaonyeshwa wapi, itabaki kwenye intaneti hata baada ya yeye kuondoka duniani, wewe utapata nini, yeye atapata nini na lini, na wimbo gani hataki usikike. Mrekodi akikubali kwa mdomo wake, kisha muandike. Ule wa msiba, kama anao, akisema usiwekwe, usiuweke hata kama ndio mzuri kuliko yote. Fungu lake liwe kwenye maandishi kwa jina lake na la warithi wake. Kusema tu "tutaangalia" hakumlindi.

Umeuliza kama mtu anaweza kuishi kwa kazi hizi. Nitakujibu bila kukupaka mafuta. Muziki wa jukwaani unakulipa leo au wiki ijayo, na kidogo. Filamu ya makala inakula fedha kwa miaka miwili au mitatu kabla ya kurudisha chochote, na nyingi hazirudishi. Ukirekodi saa 60 za picha, kuzitazama mara moja tu ni siku saba na nusu za kazi ya saa nane kila siku, bila kugusa kitufe cha kukata. Wengi waliodumu walikuwa na mguu wa tatu. Cohen alifundisha sanaa chuoni kwa miaka mingi. Wewe pia unaweza kufundisha zeze, kunasa sauti kwa filamu za wengine, au kuhariri. Huko si kushindwa, ndiko kunakofanya filamu yako isilazimike kumpendeza mtu.

Kuna fedha moja wanamuziki wengi huiacha mezani. Filamu yako ikionyeshwa kwenye televisheni, mtunzi anapaswa kupata mirabaha, yaani malipo ya wimbo wake kutumika, kupitia chama cha hakimiliki, lakini chama hakina uwezo wa kukisia. Kinategemea orodha ya muziki: kila wimbo, mtunzi wake, unaanza wapi na unadumu sekunde ngapi. Iandike siku unayomaliza kuhariri, wakati bado unakumbuka, na jina la mzee liwemo. Ujue pia desturi hazifanani. Kwenye kumbi za sinema za Ulaya mirabaha ya muziki hulipwa, lakini za Marekani hazilipi.

Sasa mkono wako. Sijapenda jinsi ulivyoutaja mwishoni kama kitu cha pembeni. Mkono unaobonyeza nyuzi saa tatu, kisha unashika kamera saa nne, kisha unashinda kwenye kipanya cha kompyuta, haupati mapumziko. Kama ganzi iko kwenye kidole gumba na viwili vinavyofuata, na inakuamsha usiku, huenda ni mshipa wa fahamu unaobanwa kwenye kifundo cha mkono, pale mkono unapokutana na kiganja. Ukiwahiwa mapema, kupumzisha na kuufunga usiku husaidia wengi. Ukiachwa, misuli ya gumba huanza kusinyaa. Nenda kwa daktari mwezi huu, na mwambie wewe ni mpigaji. Mpaka umwone, weka kamera kwenye miguu mitatu.

Mtu mwingine wa kumwona ana kwa ana ni mwanasheria wa hakimiliki, na si baada ya filamu kuisha. Mpelekee mkataba wa lebo wote, pamoja na viambatisho, umuulize mambo matatu: masta ni ya nani, naweza kurekodi upya lini, na je, mkataba unagusa kazi zangu za filamu? Hilo la mwisho huwa limejificha kwenye maneno kama "kazi zote za sauti na picha". Mimi siwezi kukujibu nikiwa huku bila kuuona. Kama mwanasheria ni ghali, ulizia chama cha wanamuziki au ofisi ya hakimiliki ya nchi yako. Nyingi husaidia wanachama.

Lakini yote hayo yanaweza kusubiri wiki mbili. Mzee ana miaka 81. Wiki hii nenda kwake na kinasa sauti peke yake, kamera ibaki nyumbani. Mwache apige nyimbo zote anazozikumbuka, hata zile anazosema hazina maana, na baada ya kila wimbo muulize aliupata kwa nani. Nakala ya kwanza ya sauti hiyo iache kwa watoto wake kabla hujaondoka.